Uchambuzi wa kisa: Imeili moja ya Jon Postel na seva nane zilizogeuka, Januari 1998

Kabla hatujaanza

Hiki kisa huwa nakitoa kwa vijana wanaoingia kwenye kazi za mitandao, wale ambao kufunga seva wameshajua ila hawajawahi kujiuliza ni nani kampa nani ruhusa ya kuigusa hiyo seva. Kawaida kwenye visa vya namna hii majina yote nayaficha. Hapa nimeficha ya waendeshaji wa zile seva, ya mkubwa wa chuo aliyepigiwa simu na ya wafanyakazi wa kampuni iliyokuwa upande wa pili. Jon Postel mwenyewe hafichiki, ukishasema tu yule mzee wa ndevu ndefu na makubazi aliyekuwa anagawa namba za intaneti basi kila mtu wa fani ameshajua unamsema nani, kwa hiyo nimemwacha na jina lake pamoja na wachache ambao mambo yao yako wazi kwenye kumbukumbu za umma.

Usuli: mshika daftari

Alizaliwa Agosti 6, 1943 Altadena, California. Sekondari alisoma Van Nuys, shule moja na Vint Cerf na Steve Crocker, ambao nao walikuja kuwa waasisi wa intaneti, na hao watatu wakaja kukutana tena UCLA, chuo kikuu cha Los Angeles, kwenye kikundi cha Profesa Leonard Kleinrock, kile kilichopokea mashine ya kwanza ya ARPANET, mtandao wa utafiti uliozaa intaneti, mwaka 1969. Oktoba 29 mwaka huo wakajaribu kuingia kwenye kompyuta ya taasisi ya utafiti ya SRI huko kaskazini, zikapita herufi mbili tu, L na O, mfumo ukaanguka. Ndo intaneti ilivyoanza kusema, kwa kigugumizi.

Sasa wenzake wengi walikuwa wanakimbilia kubuni vitu, na Postel naye alibuni sana tu, ila kazi aliyoishika kuliko mtu yeyote ilikuwa ya daftari. Kila huduma inayotaka kuongea kwenye mtandao inahitaji namba yake, mbili zikitumia namba moja zinagongana, kwa hiyo lazima pawe na mtu anayeandika hii ya fulani na hii ya fulani. Mei 1972 akatoa waraka mfupi sana, RFC 349 (RFC ni zile nyaraka zenye namba ambazo wajenzi wa mtandao wanaandikiana mapendekezo na kanuni), akapendekeza awepo mtu mmoja wa kugawa namba rasmi, akatumia neno la wafalme wa Urusi ya zamani, halafu pembeni kwenye mabano akaandika mimi na alama ya kuuliza. Basi. Hakuna aliyepiga kura, hakuna barua ya uteuzi, hakuna aliyekataa. Naomba hiyo alama ya kuuliza uikumbuke maana miaka 26 baadaye ndiyo iliyokuja kuombwa jibu.

Machi 1977 alihamia ISI, taasisi ya Chuo Kikuu cha Kusini mwa California (USC) iliyoko Marina del Rey, pesa zikitoka wizara ya ulinzi ya Marekani kupitia DARPA, kitengo chake cha utafiti. Mwaka huohuo aliandika waraka akiwaambia wenzake waziwazi kwamba wanaharibu, itifaki moja, yaani kanuni za mashine kuongea, wameibebesha kazi mbili, ya kusafirisha vifurushi kutoka mtandao hadi mtandao na ya kuhakikisha vimefika vyote kwa mpangilio, na hizo kazi zitenganishwe. Zikatenganishwa, ndo tukapata TCP na IP tunazozitumia mpaka leo. Waraka wa UDP, njia nyepesi ya kutuma data, 1980, ni wake. Zile RFC 791, 792 na 793 za Septemba 1981 amezihariri yeye. Barua pepe ilivyosafiri kwa miaka mingi iliandikwa na yeye Agosti 1982, RFC 821. Na RFC zote, za kwake na za watu wengine, alikuwa anazipitia na kuzitoa mwenyewe. Humo ndani pia ndo kuna ule usemi wake maarufu wa kwamba programu iwe na uangalifu kwenye inachotuma na uvumilivu kwenye inachopokea. Tutaurudia huo.

Wazee wetu walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Ila hawakutuambia yule mwenye daftari naye anaandikwa wapi.

Daftari linaingiza nchi

Mwaka 1983 Postel alimpa Paul Mockapetris kazi ya kutafuta dawa ya majina, maana orodha moja ya kompyuta zote duniani ilikuwa imeshaelemewa, na Mockapetris akatoka na DNS, mfumo wa majina wa intaneti. Kwa asiyeijua iko hivi. Ukiandika anwani inayoishia ac.tz, mashine yako haijui Tanzania iko wapi. Inaenda kwanza kwenye seva mzizi kuuliza, bwana, tz inashughulikiwa na nani? Inaambiwa kamuulize fulani. Inaenda kwa huyo fulani kuulizia ac, na kuendelea hivyo mpaka ifike. Kwa hiyo pale juu kabisa kuna faili moja, dogo kuliko watu wanavyodhani, limeorodhesha com, org, ke, tz, ug na wenzao na nani anashika kila moja. Atakayeandika kwenye hilo faili anaweza kuiweka nchi kwenye intaneti au kuitoa.

Hilo ndo likaingia kwenye daftari la Postel. Kazi yenyewe ikapata jina, IANA, yaani mamlaka ya kugawa namba za intaneti, jina kubwa kama la shirika la Umoja wa Mataifa, wakati ukienda kuangalia ni yeye, Joyce Reynolds na wachache pale ISI.

Aligawaje? Nchi alizichukua kutoka orodha ya ISO 3166, ile ya kimataifa ya vifupi vya majina ya nchi, akaandika kwenye RFC 1591 ya Machi 1994 kwamba IANA haina kazi ya kuamua ipi ni nchi na ipi si nchi. Waraka uleule unasema habari za haki na umiliki wa domeni, yaani majina ya mtandaoni kama com au tz, si mahali pake, cha kuongelea ni wajibu na huduma kwa jamii. Ule msimamo wa orodha ulimwokoa mara nyingi sana. Angalia Zaire: Mei 1997 Mobutu kaondoka, Kabila kaingia, nchi imebadilika jina, na ISO ikatoa herufi mpya, CD badala ya ZR. Daftari likafuata. Hakuna aliyehitaji kumuuliza Postel anamtambua nani Kinshasa, na ile zr ya zamani ikaja kufutwa kabisa mwaka 2001 baada ya watu kuhama.

Kenya je? Mwaka 1993 ke ilikabidhiwa kwa msomi mmoja wa kompyuta, Dkt. Shem Ochuodho, ambaye baadaye alikuwa mbunge, na upande wa ufundi akisaidiwa na Randy Bush aliyekuwa Oregon. Hapakuwa na ada, zabuni wala mkataba wa kurasa 80. Kigezo kilikuwa upo, unaelewa, watu wa kwenu hawakukatai, chukua. Uganda na Tanzania nazo zikapata zao mwaka 1995. Kiukweli nikikaa nikifikiria ingekuwaje kama mwaka 1993 kungekuwa na taratibu za sasa, fomu, ukaguzi na barua ya wizara, nadhani nchi zetu nyingi zingesubiri hadi miaka ya 2000. Watu wanaomlaumu Postel kwa kufanya mambo kienyeji huwa wanasahau kwamba ule ukienyeji ndo uliotupa sisi mlango.

Pesa zinaingia

Januari 1993 kampuni ya Network Solutions (NSI) ya Virginia ilipata mkataba na taasisi ya sayansi ya serikali ya Marekani, NSF, kuendesha usajili wa com, net, org na pia kushika seva A, ile seva mzizi ambayo wenzake 12, B mpaka M, walikuwa wananakili kutoka kwake. Postel anasema kiingie nini, NSI inaingiza, wengine wananakili. Wakati usajili ni bure hakuna aliyejali mgawanyo huo.

Septemba 1995 bure ikaisha. Domeni moja ikawa dola 100 kwa miaka miwili, na com ndo ilikuwa inaanza kulipuka, kila kampuni inataka jina. Ghafla yule mtunza faili akawa anakaa juu ya kisima cha pesa peke yake. Watu wakaanza kupiga kelele, na Postel mwaka 1996 akapendekeza ziongezwe domeni mpya hadi 150 zishikwe na wasajili wengine ili pawe na ushindani. Likaja jopo, likapunguza zikabaki saba, na Mei 1997 Geneva ikasainiwa hati ya makubaliano ya kuzianzisha. Kwenye karatasi kila kitu tayari. Kilichobaki ni mtu kuziingiza kwenye faili.

Na faili liko kwa NSI, ambayo kila domeni mpya ni mshindani wake. NSI haikuwa na haraka na serikali ya Marekani nayo ikasema subirini kwanza, mbona mnataka kugawa kitu tulichokilipia sisi. Ikulu ilimpa Ira Magaziner, mshauri wa Rais Clinton, kulishughulikia. Mkataba wa NSI ulikuwa unaelekea kuisha mwaka 1998, kila mtu anaangalia saa.

Siku yenyewe

Januari 28, 1998, Jumatano. Postel anatuma imeili kwa waendeshaji wa seva mzizi kadhaa. Lugha yake ya upole kama kawaida, kwamba iko siku IANA italihariri na kulitoa faili la mzizi yenyewe, na hii ni hatua ndogo tu kuelekea huko, naomba muache kunakili kutoka seva A mnakili kutoka seva yetu sisi.

Wale watu hawakuwa wafanyakazi wake. Walikuwa Stockholm, London, Tokyo, na sehemu kadhaa za Marekani, kila mmoja na mwajiri wake, hakuna hata mmoja aliyekuwa na mkataba unaosema utamtii Postel. Wakageuza. Seva nane kati ya 13, ukihesabu pamoja na zilizokuwa palepale ISI. Zilizobaki kwenye mstari wa zamani ni za NSI yenyewe na za serikali, yaani ya NASA na zile mbili za upande wa jeshi.

Na mtumiaji wa kawaida? Hakusikia chochote. Hapa ndo wanaosimulia hiki kisa wengi wanapokosea, wanakisimulia kana kwamba intaneti ilitekwa au ilizimwa nusu. Seva ya Postel ilikuwa na taarifa zilezile za seva A, kwa hiyo ukiuliza ke ilikuwa inakujibu ileile ke. Kilichobadilika ni mahali pa kunakilia peke yake. Ila kwa mtu anayeelewa, hicho ndo kila kitu, maana kesho yake akiamua kuongeza mstari mmoja kwenye nakala yake, seva nane zingeubeba na tano zisingekuwa nao, na intaneti ingekuwa na majibu mawili kwa swali moja.

Magaziner alikuwa Davos, Uswisi, kwenye mkutano wa uchumi. Habari zikamfikia huko. Inavyosimuliwa alipiga simu Marekani, akamtafuta Postel na mkubwa wake wa chuo, swali likawa hii ni nini, jibu la Postel likawa ni jaribio. Mkubwa wa chuo alikuwa hajui kitu, na alipoeleweshwa kwamba chuo kinaweza kubeba dhima ya kisheria, unaweza kukisia aliegemea upande gani. Postel akaambiwa arudishe kila kitu kilipokuwa. Ndani ya wiki moja hivi seva zikarudi kunakili kutoka A.

Wakati yote haya yanaendelea, Januari 30, siku mbili tu baada ya ile imeili, serikali ikatoa waraka wake wa mapendekezo kuhusu nani atasimamia majina na namba za intaneti.

Kwa nini alifanya vile

Mwenyewe alisema jaribio na hakuwahi kutoka hapo. Na siwezi kusema ni uongo, kwa sababu kiufundi lilikuwa jaribio la maana kabisa. Mkataba wa NSI unaisha, kama kazi itahama lazima ujue seva zinaweza kubadilisha chanzo bila watu kukosa huduma. Mtu wa mitandao yeyote mwenye akili angetaka kujua hilo mapema kuliko kusubiri usiku wa kuhama.

Ila tarehe hiyo jamani. Siku mbili kabla ya waraka wa serikali kutoka, baada ya miezi nane ya kusubiri domeni zilizosainiwa Geneva, ukachagua wiki hiyo? Mimi nasoma hivi: alikuwa anajaribu seva na anajaribu swali kwa pamoja. Lile swali la 1972. Mimi? Nikisema geukeni, watageuka? Na aliowaandikia walimjibu ndiyo kwa vitendo, na serikali ikamjibu hapana kwa simu moja. Majibu yote mawili yalikuwa ya kweli, na hapo ndo ugumu wa kisa hiki ulipo.

Uamuzi wa kurudisha nao tuupe heshima yake. Angeweza kukataa. Nane zilikuwa upande wake, na watu wa mitandao duniani walikuwa na hasira na NSI kiasi kwamba angepata jeshi la kumfuata. Angekataa, tungekuwa na mizizi miwili, na ukishakuwa na mizizi miwili jina halina maana tena, unaandika anwani moja unafika pengine na mwenzako anafika kwingine. Alikuwa ametumia maisha yake kuzuia namba mbili zisigongane, asingeweza kuwa yeye wa kugonganisha majina. Sidhani hata kama alihitaji kutishwa sana.

Matokeo

Mambo yakaenda mbio baada ya hapo. Juni 1998 serikali ikatoa msimamo wake wa mwisho kwamba itakabidhi kazi kwa shirika jipya lisilo la faida. Postel alikuwa katikati ya kuliunda, na shirika hilo, ICANN, likasajiliwa California Septemba 30, 1998. Wiki moja baadaye, mwanzoni mwa Oktoba, mkataba wa NSI ukarekebishwa, ukasema kampuni haigusi faili la mzizi bila maelekezo ya maandishi kutoka serikalini. Yaani kile kitu ambacho kwa miaka yote kilikuwa kwa mazoea, baada ya Januari kikaandikwa, na kikaandikwa kwa jina la serikali ya Marekani.

Oktoba 16, 1998 Postel akafariki Los Angeles kwa matatizo yaliyofuata upasuaji wa moyo. Alikuwa na miaka 55. ICANN ilikuwa na siku 16. Kesho yake Vint Cerf, rafiki yake wa tangu sekondari, akaandika buriani yake, na ikatolewa kama RFC, namba 2468.

Ule usimamizi wa serikali ya Marekani uliendelea mpaka Oktoba 1, 2016. Miaka 18 kamili ya mashirika, mikutano na mikataba ndo iliyohitajika kulifikisha daftari mahali ambapo si pa serikali moja.

Uchambuzi: kilichofanya kazi

Kilichofanya kazi kwanza ni kuaminika, na nikisema kuaminika sina maana ya mtu mwema anayependwa. Wale waendeshaji waligeuza seva zao kwa sababu kwa miaka 20 na zaidi walikuwa wamemwona hagawi namba kwa upendeleo, hauzi, hajitengenezei kampuni pembeni wakati angeweza kuwa tajiri wa kutupwa. Fikiria, mtu ndo anaamua nani ashike domeni ya nchi gani, na yeye analipwa mshahara wa mtafiti. Imani ya namna hiyo hainunuliwi na ilifanya kazi haraka kuliko mkataba wowote, asubuhi imeili, seva zinageuka.

Cha pili, kuegemea orodha ya mtu mwingine. Nchi asiamue yeye, aamue ISO. Hii mbinu naipenda mno na naitumia kazini: ukiona uamuzi una siasa ndani yake, tafuta kigezo ambacho hukukitunga wewe, na ukitangaze kabla hujaulizwa.

Na jaribio lenyewe kiufundi lilifaulu, tusilisahau hilo kwa sababu ya makelele. Seva nane zilihama chanzo na kurudi bila mtumiaji kupoteza hata ukurasa mmoja.

Uchambuzi: kilichofeli

Watu husema alifeli siku ile ya Januari. Mimi nasema alifeli polepole kuanzia 1972, kwa kuiacha ile alama ya kuuliza palepale. Miaka yote ya katikati, wakati mtandao ni wa wanachuo na hakuna anayejali, ilikuwa rahisi kupata karatasi moja inayosema IANA ni nini, inawajibika kwa nani, NSI inapaswa kuitii au haipaswi, na Postel asipokuwepo nani anashika. Mkataba wa NSI wa 1993 ulikuwa nafasi ya dhahabu. Wakati wa amani hakuna anayeandika, na wakati wa vita kila unachoandika kinaonekana uasi.

Linganisha na kazi yake nyingine, ya kuhariri RFC. Ile alikuwa anaifanya na Joyce Reynolds kwa miaka, na alipofariki Reynolds na Bob Braden wakaendelea nayo palepale ISI bila Ikulu kupiga simu. Mtu yuleyule, ofisi ileile, mwaka uleule. Tofauti ni kwamba uhariri ulikuwa na mikono zaidi ya miwili na kila kitu kiko kwenye nyaraka, wakati mamlaka ya mzizi yalikuwa kwenye kichwa na heshima ya mtu mmoja.

Kingine, hakumwambia bosi wake. Hili ni dogo kuliko mengine ila ndilo lililommaliza. Hujui itatokea nini, mabadiliko yana harufu ya siasa, na mtu atakayepigiwa simu kwa niaba yako hajui lolote? Hapo umemnyima nafasi ya kukutetea hata kama angetaka. Nimeshuhudia hili kwa udogo wake mara nyingi tu, fundi anahamisha imeili za ofisi usiku kwa nia nzuri kabisa, asubuhi mkurugenzi anaulizwa na wateja, hana jibu, na nia nzuri yote inageuka hujuma.

Na ule usemi wake. Uangalifu kwenye unachotuma, uvumilivu kwenye unachopokea. Alikuwa mvumilivu kweli, alipokea ucheleweshaji wa NSI, maneno ya wanasheria, vitisho vya kesi. Ila ile imeili ya Januari 28 haikuwa na uangalifu. Ujumbe wake ulikuwa sahihi kwa mashine na haukuwa sahihi kwa watu, kwa sababu watu hawakusoma amri ya kunakili faili, walisoma mapinduzi.

Upande wa kwetu madhara ya mtindo wa mtu mmoja tumeyaonja pia. Ke iliyotolewa kwa kuaminiana mwaka 1993 ilikuja kuwa na mvutano wakati serikali na watoa huduma walipotaka iendeshwe kitaasisi, swali likiwa lilelile, ni ya nani hii, na mwanzoni mwa miaka ya 2000 ikahamia KeNIC, taasisi ya kuisimamia ke. Na ukishuka chini kabisa, ni kampuni ngapi Dar au Mombasa hazina domeni yao kwa sababu ilisajiliwa na kijana aliyewatengenezea websaiti, kwa jina lake na imeili yake, kijana kaenda masomoni au mmekosana na pasiwedi kaondoka nayo? Hakuwa na ubaya siku anasajili. Alikuwa anasaidia. Kwenye mafunzo nikifika hapa huwa nawaambia watu wafungue simu zao, wacheki domeni ya ofisi yao imeandikwa jina la nani, na kila mara kuna angalau mmoja anayenyamaza ghafla.

Seva A ilivyoishia

Mwaka 2000 NSI ilinunuliwa na Verisign kwa hisa za thamani ya dola bilioni 21 hivi, biashara ya usajili ikauzwa baadaye, ila com Verisign ikabaki nayo. Siku hizi kila herufi ina nakala nyingi duniani, zikiwemo za Nairobi, kwa hiyo swali lako la ke si lazima livuke bahari. ICANN inaamua nini kiingie kwenye faili la mzizi. Anayelitengeneza hilo faili na kuzisambazia seva zote ni Verisign, na seva B, ambayo mpaka leo inaendeshwa na ISI ya Marina del Rey, inalipokea kutoka huko kama wenzake.